Je, Wajua? Kamera Inapopanda Newala

Je, wajua kwamba Tanzania Bara haikuwa na kituo chake cha televisheni hadi 1994, ilhali Zanzibar ilikuwa nacho, tena cha rangi, tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970? Benjamin Mkapa, mwanahabari aliyezaliwa wilayani Masasi mwaka 1938, alikuwa Waziri wa Habari mwanzoni mwa miaka ya 1990. Televisheni ya Taifa ilipoanza baadaye kurusha matangazo, yeye alikuwa Rais.

Nyuma ya kila kipindi cha televisheni wapo wawili ambao watazamaji huwachanganya. Mtayarishaji, au prodyuza, ndiye mwenye wazo, na ndiye anayeulizwa likiharibika. Meneja wa utayarishaji hushika bajeti, ratiba, magari na vibali. Jina lake hupita mbio mwishoni. Si haki, maana bila yeye hakuna kinachopigwa picha.

Chukua kipindi cha korosho kinachopigwa picha wilayani Newala. Meneja akichelewa kupanga safari, mavuno yamekwisha na mvua imeharibu njia. Newala iko juu ya uwanda usio na mito, maji husukumwa kwa pampu kutoka mabondeni. Kwa hiyo maji ya kikosi yaingizwe kwenye bajeti mapema. Shimo la Mungu, ukingo unaotazama bonde la Ruvuma na Msumbiji, hutaka siku ya akiba, maana ukungu ukitanda kamera haioni kitu. Na ngoma ya sindimba? Msimulizi arekodiwe kando, kabla ngoma hazijaanza.