Mmarekani wa Kikapu, Pasipoti ya Uganda na Mtoto wa Mpanda

Mwaka 2013, klabu 30 za ligi ya NBA ya Marekani zilipoketi kuchagua chipukizi wao 60, jina la Brandon Davies halikutajwa. Alikuwa mzaliwa wa Philadelphia, kijana wa mita 2.08 aliyetoka kucheza mpira wa kikapu katika Chuo Kikuu cha Brigham Young. Alihangaika mpaka akapata nafasi katika klabu ya mji alikozaliwa, Philadelphia 76ers. Desemba 2014 akahamishiwa Brooklyn Nets, na kabla msimu haujaisha hakuwa na klabu nchini mwake. Aliyekuwa akimfuatilia kwa kipimo cha NBA peke yake angesema ameshindwa. Lakini kuanzia 2015 Davies alipita Chalon ya Ufaransa, Varese ya Italia, Monaco, Žalgiris ya Lithuania, Barcelona, Milano na Valencia. Mwaka 2018 Žalgiris ilimaliza ya tatu katika EuroLeague, ligi kubwa kuliko zote za klabu barani Ulaya. Mwaka 2021 alitwaa ubingwa wa Hispania akiwa na Barcelona, na 2023 ule wa Italia akiwa na Milano. Na katika safari hiyo alipata jambo linalotugusa sisi wa Afrika Mashariki: uraia wa Uganda.

Nimemchagua yeye kwa sababu maisha yake ya kazi yanaonyesha wazi jambo ambalo vijana wetu hawaelezwi. Mchezaji wa kulipwa anayecheza nje ya nchi yake ni mfanyakazi mwenye ufundi, naye anaishi kwa mkataba, kwa nyaraka na kwa nidhamu ya kuhama. Kipaji humfikisha mlangoni tu. Sehemu kubwa ya kilichobaki huamuliwa na karatasi, na mzazi wa Mpanda, mkoani Katavi, anaweza kuielewa karatasi hiyo hata kama hajawahi kuona mchezo mmoja wa NBA.

Tuanze na hesabu. Klabu 30 za NBA, kila moja ikiwa na nafasi 15 za mikataba ya kawaida, zina nafasi 450, na nafasi hizo zinagombewa na dunia nzima. Vyuo vikuu vya daraja la kwanza la michezo nchini Marekani vinapita 350, na kwa muda mrefu kila kimoja kiliruhusiwa kutoa ufadhili kwa wachezaji 13 wa kikapu wa kiume. Hao ni zaidi ya vijana 4,500 kwa wakati mmoja, na kila mwaka sehemu yao humaliza masomo na kutafuta kazi. Wanaochaguliwa na NBA hawazidi 60, wakiwemo wageni kutoka mabara mengine. Kwa hiyo Mmarekani anayecheza Lithuania, Lebanon, Japani au Morocco amefuata njia ya kawaida ya kazi yake, kama alivyo mwalimu aliyepangiwa kituo mbali na kwao. Ajabu ni sisi kumwona kama mtu aliyepotea njia.

Kazi yenyewe ina taratibu zake. Mkataba mara nyingi ni wa msimu mmoja. Wakala huutafuta, naye hulipwa sehemu ya mapato. Klabu kwa kawaida humpa mchezaji nyumba, gari na tiketi za ndege za kwenda na kurudi, juu ya mshahara. Hawezi kuvaa jezi ya klabu ya nchi nyingine mpaka shirikisho la alikotoka litoe barua ya kumruhusu, kwa kanuni za FIBA, shirikisho la kikapu la dunia. Timu ikifungwa michezo mitatu mfululizo, mgeni ndiye wa kwanza kunyooshewa kidole, maana aliletwa ili timu ishinde. Zipo pia klabu zinazochelewesha mishahara au zisizolipa kabisa, na malalamiko hayo yalikuwa mengi kiasi kwamba tangu 2007 FIBA ina baraza la usuluhishi Geneva linalosikiliza kesi za wachezaji, mawakala na klabu. Klabu ikikaidi uamuzi wa baraza hilo inaweza kuzuiwa kusajili wageni. Mtu wa Katavi anajua sura ya maisha haya. Kijana wa machimbo ya dhahabu husikia kuna rashi mahali, yaani dhahabu imegunduliwa, hufunga mzigo wake na kwenda, na rashi ikiisha huhama tena. Mchezaji naye huhama hivyo hivyo, lakini yeye ana mkataba ulioandikwa na mahali pa kushtaki akidhulumiwa, na tofauti hiyo ndiyo inayobeba maisha yake yote.

Sasa tuje kwenye pasipoti, maana hapa ndipo penye somo zito zaidi. Ligi nyingi za Ulaya zina ukomo wa wageni. Katika ligi kuu ya Hispania, kwa miaka mingi klabu imeruhusiwa kuwa na wachezaji wawili tu wasio wa Ulaya. Mmarekani anayetaka kazi huko anagombea nafasi hizo mbili na Wamarekani wenzake wote. Lakini Juni 2000, mjini Cotonou nchini Benin, Umoja wa Ulaya ulitia saini mkataba na nchi za Afrika, Karibi na Pasifiki. Kati ya vifungu vyake kimoja kinasema kwamba raia wa nchi hizo aliyeajiriwa kihalali Ulaya asibaguliwe katika masharti ya kazi. Mahakama ya Ulaya ilikuwa inatafsiri vifungu vya namna hiyo kwa manufaa ya wanamichezo, kwanza kwa Mslovakia Maroš Kolpak wa mpira wa mikono mwaka 2003, kisha kwa Mrusi Igor Simutenkov wa soka mwaka 2005. Mikataba ya nchi zao na Ulaya ilikuwa tofauti na wa Cotonou, ila maneno yalifanana, na Hispania ikakubali kwamba mchezaji mwenye pasipoti ya nchi ya Cotonou asihesabiwe miongoni mwa wale wageni wawili. Ukishajua hilo, utaelewa kwa nini pasipoti ya Uganda ilikuwa mtaji mkononi mwa mchezaji wa Barcelona au Valencia.

Tanzania nayo ilikuwa nchi ya Cotonou, mkataba uliofikia mwisho wake mwaka 2023. Chini ya mkataba huo, mtoto aliyezaliwa Kakese au Inyonga, mkoani Katavi, alizaliwa na haki ambayo Mmarekani alikwenda kuitafuta. Haki hiyo haikumpa viza wala kibali cha kazi, na haikumfundisha kurusha mpira. Ilimaanisha tu kwamba siku akiwa na uwezo wa kuajiriwa, hangesimama kwenye ule mstari mrefu wa wageni. Sijaona kiongozi wa michezo akilieleza jambo hili kwa wazazi, na naona ni hasara. Tunawaambia watoto habari za umaarufu na kuwaficha habari za sheria.

Kwa nini basi Wamarekani kama Davies walikwenda Uganda na si Tanzania? Sababu moja iko wazi. Uganda iliruhusu uraia pacha, kwanza kwa mabadiliko ya katiba ya 2005, kisha kwa sheria ya 2009. Tanzania haimruhusu mtu mzima kuwa raia wa nchi mbili, na ni Wamarekani wachache mno ambao wangekubali kuachia uraia wao kwa ajili ya msimu wa kikapu. Uganda ilivuna kwa upande wake pia. Katika AfroBasket ya 2021 mjini Kigali, Ishmael Wainright, Mmarekani wa Kansas City aliyekuwa amecheza Ujerumani na Ufaransa, alivaa jezi ya Uganda, na timu hiyo ikaitoa Nigeria na kuingia robo fainali. Wiki chache baadaye Wainright alisajiliwa na Phoenix Suns ya NBA. Kanuni ya FIBA inaruhusu timu ya taifa kutumia mchezaji mmoja tu aliyepata uraia baada ya kutimiza miaka 16, kwa hiyo nchi haiwezi kununua kikosi kizima.

Hapa mkazi wa Katavi ana haki ya kukasirika kidogo. Mwaka 1972 maelfu ya Warundi walikimbilia nchi yetu, na wengi wakakaa katika makazi ya Katumba na Mishamo. Walifyeka pori, wakalima, wakazaa na kuzika katika ardhi hiyo. Uamuzi wa kuwapa uraia watu wapatao 162,000 katika makazi ya magharibi ulitangazwa mwaka 2010, na vyeti vyenyewe vikaanza kugawiwa 2014, zaidi ya miaka 40 tangu wafike. Mtu akilinganisha subira hiyo na pasipoti inayopatikana haraka kwa sababu mwenye kuiomba ni mrefu na anajua kudaka mpira unaorudi ubaoni, ataona dhuluma, na mimi sitamwambia amekosea. Uraia unaotolewa kwa mabao una kasoro ya kimaadili, hata ukiwa halali. Ila kasoro hiyo haifuti hoja yangu, inaizidishia uzito. Watoto na wajukuu wa waliopewa uraia Katumba na Mishamo leo ni Watanzania kamili, na chini ya Cotonou pasipoti yao ilikuwa na uzito ule ule mbele ya klabu ya Hispania. Waliosubiri muda mrefu kuliko wote ndio waliostahili kuambiwa mapema nini kilikuwa kimeandikwa katika haki waliyoipata.

Pingamizi jingine litatajwa kwa jina: Hasheem Thabeet. Kijana wa Dar es Salaam aliyesoma Makongo, akaenda Marekani, akang'ara Chuo Kikuu cha Connecticut, na mwaka 2009 akachaguliwa na Memphis Grizzlies akiwa wa pili kati ya wote, mbele ya James Harden na Stephen Curry. Februari 2010 Memphis ilimpeleka ligi ya chini kwa muda, na hakuna mchezaji aliyechaguliwa nafasi ya juu hivyo aliyekuwa amewahi kupelekwa huko. Alipita Houston, Portland na Oklahoma City, na baada ya 2014 hakurudi tena NBA. Baadaye alicheza Japani na Taiwan. Wengi hapa nyumbani humtaja kama mfano wa nafasi iliyopotea, kisha husema kama huyo alishindwa, wa Mpanda ataweza nini. Naona hukumu hiyo ni ya haraka. Alianza kikapu akiwa tayari kijana mkubwa, miaka michache tu kabla ya kufika chuoni, akashindanishwa na watu walioanza utotoni. Hata hivyo alilipwa kwa ufundi wake katika kipindi cha zaidi ya miaka kumi, katika nchi mbalimbali. Katika kazi nyingine yoyote, mtu wa namna hiyo tungemwita fundi aliyedumu kazini. Kilichomponza machoni petu ni ile nafasi ya pili, iliyomwekea kipimo ambacho hakuna mchezaji wa kawaida angekifikia. Davies hakuchaguliwa na mtu, kwa hiyo hakuna aliyemdai kitu zaidi ya kazi nzuri. Tungempima Thabeet kwa kipimo hicho hicho, tungemheshimu zaidi.

Wapo pia wanaosema wageni wanawanyang'anya wenyeji nafasi. Ligi ya Afrika, BAL, ilipoanza Kigali mwaka 2021 iliweka kanuni kwamba timu iwe na wageni wasiozidi wanne, na kati yao wawili tu ndio watoke nje ya Afrika. Mwaka huo huo mwanamuziki wa Marekani J. Cole aliichezea Patriots ya Rwanda michezo mitatu, na aliyelalamika waziwazi alikuwa Mmarekani mwenzake, Terrell Stoglin wa AS Salé ya Morocco, aliyesema kuwa mwanamuziki huyo amechukua kazi ya mtu aliyeistahili. Stoglin aliongea kama mtu mwenye kazi, na mchezaji wa ndani anaweza kusema maneno hayo hayo juu yake. Jibu langu ni kwamba ukomo uwepo na usimamiwe, lakini mgeni mmoja mzuri huwafunza wenyeji kumi katika mazoezi ya kila siku, jambo ambalo semina ya siku mbili haiwezi.

Linabaki pingamizi la Katavi yenyewe, nalo ndilo zito. Mkoa huu ulianzishwa 2012, una shule zenye upungufu wa madarasa, na soka na netiboli ndizo zinazojaza viwanja. Kusema habari za Hispania mbele ya shule isiyo na maabara kunaweza kusikika kama dhihaka. Sipendekezi mkoa ujenge ukumbi wa kisasa. Sakafu moja ya zege yenye nguzo mbili hutumika kwa kikapu na netiboli pia, haihitaji ukubwa wa uwanja wa soka, na mashindano ya shule za sekondari, UMISSETA, tayari yana kikapu ndani yake. Zaidi ya hayo, njia aliyopita Thabeet na aliyopita Davies ilipitia darasani. Ufadhili wa chuo cha Marekani hulipia masomo, malazi na chakula, lakini chuo hakimpokei asiye na alama za kutosha na Kiingereza cha kusomea. Asiyefika kwenye ligi yoyote hubaki na shahada. Kwa mkoa wenye watu zaidi ya milioni moja kwa sensa ya 2022, wengi wao watoto, hilo si jambo la kupuuzwa hata kama hakuna hata mmoja atakayelipwa kwa kucheza.

Mzazi anaweza kuanza na mambo madogo ambayo hayahitaji uwanja. Cheti cha kuzaliwa chenye tarehe ya kweli ni cha kwanza, kwa kuwa umri uliopunguzwa shuleni huja kuvunja usajili ughaibuni. Ajue pia kwamba kanuni za FIBA zinazuia mchezaji aliye chini ya miaka 18 kuhamia klabu ya nchi nyingine, isipokuwa kwa kibali maalumu kinachozingatia masomo na ridhaa ya wazazi. Mtu akifika Mpanda au Mishamo na kudai ada ili ampeleke mtoto wa miaka 15 kwenye klabu ya ng'ambo, aulizwe kwanza kibali hicho kiko wapi, mkataba umeandikwa kwa lugha gani, na Shirikisho la Mpira wa Kikapu Tanzania linamjua kwa jina gani.