Msanii Mwenye Kigugumizi: Roger Blin na Jukwaa la Ufaransa

Utangulizi

Ndugu msomaji, kila tunapofika kwenye mada ya tamthilia za ubwege, jina la Samuel Beckett halikosi kutajwa. Linatajwa tena tunapoisoma Amezidi (1995) ya Said Ahmed Mohamed, maana Ame na Zidi hawajadiliwi bila kukumbushwa wale watu wawili wa Beckett wanaomngoja mtu asiyekuja. Tunachambua fani, tunachambua maudhui, tunajaza daftari, kisha huyo, kila mtu na njia yake. Lakini hebu tujiulize: hivi ni nani aliyeuchukua muswada ule wakati wenye majumba ya maonyesho hawautaki, akausimamisha jukwaani mpaka leo sisi tunausoma?

Mtu huyo ni Roger Blin, mwigizaji na mwongozaji wa Kifaransa. Makala haya yanakusudia kueleza maisha na kazi yake, na kuonyesha kwamba uhakiki wa tamthilia unaomtazama mwandishi peke yake ni uhakiki wa mguu mmoja. Pia tutaligusa swali ambalo kazi ya Blin inatuachia: je, mtu anaweza kumsemea mwenzake bila kumpokonya sauti?

Ulimi mzito

Blin alizaliwa tarehe 22 Machi 1907 huko Neuilly-sur-Seine, karibu na Paris. Baba yake alikuwa daktari, kwa hiyo njaa haikuwa tatizo la nyumba ile. Tatizo la mtoto lilikuwa jingine kabisa: kigugumizi. Alipotaka kusema, maneno yalimkwama kooni. Kwa akili ya kawaida, mtu wa namna hiyo ungemshauri atafute kazi ya kukaa kimya. Yeye akaichagua kazi ya kusema mbele za watu!

Hapa ndipo penye ajabu. Alipoingia jukwaani na kuvaa nafsi ya mtu mwingine, kigugumizi kilimwachia. Akishuka, kinamrudia. Wale wanaodhani kuigiza ni kusema uongo wa kupendeza tu wamtazame huyu bwana. Kwake yeye kuigiza kulikuwa njia ya kupata ulimi. Kwa maisha yake yote alikuwa mtu aliyesema vizuri zaidi kwa maneno ya wengine, na huenda ndiyo maana aliyaheshimu maneno ya wengine kiasi kile.

Kijana huyu alifahamiana na Antonin Artaud, yule aliyepigania tamthilia ya ukatili, yaani tamthilia inayomtikisa mtazamaji mwili na roho badala ya kumburudisha akalale. Mwaka 1935 Artaud alipoonyesha Les Cenci, Blin alimsaidia kazi, na pia akaigiza mmojawapo wa wauaji, muuaji bubu. Yaani mwenye kigugumizi alianza kujulikana kwa nafasi isiyo na hata neno moja. Katika miaka hiyohiyo alishirikiana na Kundi la Oktoba la akina Jacques Prévert, lililopeleka michezo mifupi ya kisiasa kwa wafanyakazi. Basi tangu mwanzo alikuwa na mizizi miwili: sanaa inayotafuta umbo jipya, na sanaa inayosimama upande wa wanyonge. Wengi hudhani lazima uchague moja. Yeye hakuchagua.

Sinema za kujipatia mkate

Katika sinema Blin hakuwa nyota. Alionekana katika Les Visiteurs du soir (1942) ya Marcel Carné, akaonekana katika Le Corbeau (1943) ya Henri-Georges Clouzot, alipoigiza mgonjwa wa hospitali anayejiua baada ya kupata barua isiyo na jina, na katika Orphée (1950) ya Jean Cocteau. Sura yake nyembamba yenye macho makali ilikaa akilini hata kama filamu ilimpa dakika chache. Lakini sinema kwake zilikuwa zaidi riziki, na moyo wake ulikuwa jukwaani, hasa katika majumba madogo yasiyo na fedha.

Mti mmoja na nguo kuukuu

Mwaka 1949 Blin aliongoza tamthilia ya Strindberg, Sonata ya Mizimwi, katika ukumbi wa Gaîté-Montparnasse. Watazamaji walikuwa wachache. Mmojawapo alikuwa Beckett, mtu wa Ireland aliyekuwa akiishi Paris na kuandika kwa Kifaransa. Alipenda alichokiona. Muda si mrefu Blin akawa na miswada miwili ya Beckett mikononi: Eleutheria, yenye wahusika kumi na saba, na En attendant Godot (Kumngojea Godot), yenye wahusika watano, mti mmoja na nguo kuukuu.

Akachagua Godot. Kwa nini? Mhakiki wa vitabuni atakwambia kwa sababu ya falsafa yake. Sababu mojawapo ilikuwa nyepesi tu: mfuko. Watu watano na mti mmoja hawana gharama ya watu kumi na saba. Hili si jambo la kudharau. Huwa tunazungumza juu ya utupu wa jukwaa la Beckett kana kwamba ni wazo tupu, tukisahau kwamba utupu huohuo ndio uliowezesha tamthilia ionyeshwe na watu wasio na kitu. Hali ya uchumi nayo ina sehemu yake katika fani.

Hata hivyo ilichukua karibu miaka mitatu kupata mahali. Kitabu kilitangulia kutoka mwaka 1952. Ndipo tarehe 5 Januari 1953, katika ukumbi mdogo wa Théâtre de Babylone, tamthilia ikaonyeshwa. Lucien Raimbourg alikuwa Vladimir, Pierre Latour alikuwa Estragon, na Jean Martin alikuwa Lucky. Blin mwenyewe aliongoza na tena akamwigiza Pozzo, yule bwana mnene anayemburuta mtumwa wake kwa kamba, ingawa yeye hakuwa na umbo la bwana mnene hata kidogo.

Kuna kisa kimoja kinachofundisha. Mwishoni mwa tamthilia suruali ya Estragon inatakiwa kuanguka. Latour aliona haya, akawa anaizuia isishuke yote. Beckett alipopata habari alimwandikia Blin akisisitiza kuwa suruali ianguke mpaka kwenye vifundo vya miguu. Mtu anaweza kucheka: suruali tu jamani! Lakini fikiria. Watu wawili wanazungumzia kujinyonga, na papo hapo kichekesho kinashuka miguuni mwao. Ukiizuia suruali, umebakiza huzuni peke yake, na tamthilia imekuwa kitu kingine. Kazi ya mwongozaji ni kulinda mambo kama hayo, ambayo msomaji wa kitabu huyapita mbio.

Watazamaji waligawanyika, wengine wakatoka katikati, wengine wakashangilia, na ubishi huo ukaifanya Godot isemwe mji mzima. Beckett hakusahau. Fin de partie (Mwisho wa Mchezo) aliitabaruku kwa Blin, naye Blin ndiye aliyemwigiza Hamm, kipofu asiyeweza kusimama, ilipoonyeshwa kwa mara ya kwanza, tena kwa Kifaransa, huko London tarehe 3 Aprili 1957.

Vinyago vyeupe

Tarehe 28 Oktoba 1959, katika Théâtre de Lutèce, Blin alionyesha Les Nègres (Watu Weusi) ya Jean Genet. Waigizaji wote walikuwa weusi, kutoka kundi la Les Griots lililoanzishwa Paris mwaka 1956. Miongoni mwa waanzilishi walikuwamo Toto Bissainthe wa Haiti, Timité Bassori wa Ivory Coast, na Sarah Maldoror, ambaye baadaye alitengeneza filamu ya Sambizanga (1972) juu ya ukombozi wa Angola. Katika tamthilia hiyo kuna baraza la wazungu: malkia, mtumishi wake, gavana, hakimu na mmisionari. Nafasi hizo zinachezwa na weusi waliovaa vinyago vyeupe, na watazamaji waliokusudiwa ni wazungu. Genet aliagiza hata kwamba pasipokuwa na mzungu ukumbini, atafutwe mmoja akalishwe mbele.

Sasa hapa tusiwe wapole mno. Mwandishi ni mzungu, mwongozaji ni mzungu, watazamaji ni wazungu. Je, Mwafrika amesemeshwa au amesema? Mtu akidai kwamba huu ni ukoloni wa jukwaani, ana hoja. Hasira ya watu weusi ilikuwa imeandikwa na kalamu isiyo yao. Lakini hoja hiyo isiishie njiani. Waigizaji wale walikuwa wamechoka kupewa nafasi za watumishi na washenzi wa filamuni, na kundi lao walikuwa wameliunda wenyewe kabla ya kumpata Blin. Katika Lutèce walikuwa juu, wakimtazama mzungu, wakimvaa usoni na kumvua. Kinyago cheupe kilimwonyesha mtazamaji wa Paris kwamba utukufu wa gavana na hakimu ni maleba tu, na kwamba maleba huvuliwa. Mwaka uliofuata makoloni mengi ya Ufaransa barani Afrika yalipata uhuru.

Kwa maoni yangu jibu si la ndiyo au hapana. Blin alifungua mlango. Lakini mlango uliofunguliwa na mwenye nyumba si sawa na nyumba yako mwenyewe, na Maldoror aliyekwenda kutengeneza filamu zake alilijua hilo.

Kutia sahihi

Wengine husema wasanii hodari wa maneno. Basi tumpime Blin kwa vitendo. Septemba 1960, vita vya Algeria vikiwa vimepamba moto, watu 121 walitia sahihi tamko lililotetea haki ya kijana wa Kifaransa kukataa kubeba silaha dhidi ya Waalgeria. Blin alikuwamo. Serikali ikawafungia waliotia sahihi redio na televisheni zake pamoja na majumba ya maonyesho yaliyopata ruzuku. Kwa mwigizaji huko ni kukatiwa riziki.

Mwaka 1966, Algeria ikiwa huru tayari, aliiongoza Les Paravents ya Genet, inayoyadhihaki majeshi ya Kifaransa huko Algeria. Tena aliionyesha katika Odéon, ukumbi wa taifa uliokuwa chini ya Jean-Louis Barrault! Wapinzani waliingia wakirusha vitu na mabomu ya moshi jukwaani, polisi wakalinda, na waigizaji wakaendelea. Habari ikafika bungeni, na waziri wa utamaduni, André Malraux, akaitetea haki ya tamthilia hiyo kuonyeshwa.

Hitimisho

Roger Blin alifariki tarehe 21 Januari 1984. Hakuacha tamthilia aliyoiandika ambayo sisi tungeisoma darasani, na ndiyo sababu jina lake halimo katika mitihani yetu. Lakini tumeona kwamba bila yeye Godot ingeweza kubaki karatasi, na hasira ya Genet ingeweza kubaki kabatini. Mcheza kwao hutunzwa, wahenga walisema. Huyu kwao alirushiwa mabomu ya moshi.

Kwa hiyo, wanafasihi wenzangu, tunapohakiki tamthilia tuulize na haya: ilisimamishwa na nani, kwa fedha gani, mbele ya nani, na ilimgharimu nini? Na kabla hatujaandika neno juu ya Amezidi au nyingine yoyote, tuisome kwa sauti, tusimame, tujaribu kuicheza japo chumbani. Tutashikwa na kigugumizi mwanzoni, haidhuru.