Rufaa Peke Yake Haisimamishi Kufurushwa

Mkazi wa Ngara aliyeshindwa kesi ya nyumba au ploti asidhani kuwa kukata rufaa kutamzuia dalali wa mahakama kubisha mlangoni. Kanuni za Kesi za Madai za mwaka 2010, Agizo la 42, zinamtaka aombe mahakama isimamishe utekelezaji wa hukumu. Ni lazima aombe bila kuchelewa, aonyeshe kuwa atapata hasara kubwa, na aweke dhamana itakayoagizwa.

Rufaa ya kesi ya ardhi iliyoamuliwa na hakimu hukatwa ndani ya siku 30, katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Hakimu akikataa ombi la kusimamisha, mkazi anaweza kuliwasilisha huko. Akipewa amri, awakabidhi mshindi na dalali nakala mara moja.