Ghafu na mathenge: miti miwili ya mchanga wa Dubai

Mtu aliyekulia Baringo au Turkana nchini Kenya akifika viunga vya Dubai, upande wa Al Khawaneej, hakosi kuona mti anaoujua. Vijani vyake vidogo vimepangana kama vya mkwaju, matawi yana miiba, na maganda ya mbegu yamelala mchangani. Atasema ni mathenge, na huenda amesema kweli. Lakini huenda pia ni ghafu, mti uliotangazwa kuwa mti wa taifa wa Falme za Kiarabu mwaka 2008. Kuitofautisha miti hii miwili ni hatua ya kwanza kwa yeyote anayetaka kupanda mmea wa asili katika mji huo.

Tuanze na maneno. Mmea wa asili wa mahali fulani ni ule uliofika na kuzaliana hapo bila kupelekwa na binadamu. Mmea wa kigeni ni ule uliopelekwa. Si kila mgeni ni mvamizi: mvamizi ni mgeni anayejieneza mwenyewe hadi akaisonga mimea aliyoikuta. Ghafu, ambao jina lake la kisayansi ni Prosopis cineraria, ni wa asili kuanzia Uarabuni hadi India. Mathenge asili yake ni Amerika ya Kati na nchi zinazoizunguka, na ulipelekwa Ghuba kwa ajili ya kuotesha miti jangwani. Kwa miaka mingi uliitwa Prosopis juliflora, kana kwamba ni ndugu wa karibu wa ghafu. Mwaka 2022 wataalamu wa uainishaji waliligawa kundi hilo, mathenge ukahamishiwa jenasi ya Neltuma, na ghafu ukabaki Prosopis. Kwa hiyo kufanana kwa miti hii hakuifanyi kuwa ndugu wa karibu kama ilivyodhaniwa.

Alama ya kutegemewa kuliko zote ni miiba. Shika kitawi kichanga utazame vifundo, yaani sehemu majani yanapochipuka, na pingili, yaani nafasi kati ya kifundo na kifundo. Miiba ya mathenge hukaa kwenye vifundo, mara nyingi miwili miwili, mirefu na iliyonyooka. Miiba ya ghafu ni mifupi, mipana kwenye kitako, na imetawanyika juu ya pingili zenyewe. Maganda nayo husaidia, ingawa lazima usubiri msimu: ya ghafu ni membamba, ya mathenge ni manene na yamejaa nyama tamu. Umbo la mti lisikushawishi haraka. Ghafu mzee huinamisha matawi yake kuelekea chini, lakini mche uliotafunwa na ngamia hauna umbo la kuaminika.

Maua hayatoshi kutofautisha. Miti yote miwili huchanua maua madogo ya manjano hafifu, yaliyobanana katika masuke. Ghafu huchanua zaidi majira ya kuchipua, kabla joto halijawa kali, na nyuki huyafuata masuke hayo.

Sasa tuone jinsi miti hii inavyoishi. Dubai hupata takriban milimita 100 za mvua kwa mwaka, mara nyingi pungufu, na karibu zote hunyesha miezi ya baridi. Mti hauwezi kukua kwa mvua hiyo peke yake. Ghafu huteremsha mzizi mkuu makumi ya mita kufuata maji ya ardhini, na ndiyo sababu unabaki kijani Agosti. Mathenge nao hufanya hivyo hivyo. Hapa ndipo hoja ya kawaida, kwamba mti unafaa kwa sababu unastahimili ukame, inapofika mwisho wake: kwa kipimo hicho miti yote miwili imefaulu.

Kipimo kingine ni kutazama chini ya kivuli. Huko Rajasthan, India, ambako ghafu huitwa khejri, wakulima huuacha mashambani na kupanda mtama hadi karibu na shina, kwa kuwa udongo wa chini yake una rutuba zaidi. Mathenge huangusha majani yenye kemikali zinazozuia mbegu nyingine kuota, na vichaka vyake hufungana hadi mifugo ikose njia.

Kisha kuna mbegu. Mbuzi na ngamia hupenda maganda matamu ya mathenge, hula, hutembea, na kuziacha mbegu mbali zikiwa tayari kuota. Baringo wanalijua hili kwa gharama yake. Mti huo ulipandwa huko miaka ya 1980 ili kupata kuni na kuzuia mmomonyoko, ukaenea ukatwaa malisho, sukari ya maganda ikaozesha meno ya mbuzi, na wananchi wakaishtaki serikali.

Kwa hiyo, mwenye ua wa mchanga Dubai apande ghafu, na wala asidanganywe na kasi ya mathenge kukua. Ganda la mbegu ya ghafu ni gumu, basi likwaruzwe kidogo au mbegu zilowekwe kwenye maji ya moto yaliyoachwa yapoe. Zipandwe katika mifuko mirefu, maana mzizi mkuu hukimbilia chini kabla shina halijaonekana kukua, na ukijikunja katika mkebe mfupi mti hautashika vizuri. Mche uhamishiwe ardhini Oktoba au Novemba. Unyweshewe maji mengi kwa nafasi ndefu, si kidogo kidogo kila siku. Maji ya juu juu huufundisha mzizi kubaki juu. Nafasi hizo zirefushwe polepole hadi mti ujitegemee. Anayetaka kwanza kuona anachokipanda aende Bustani ya Mushrif, ambako maghafu ya asili bado yamesimama.

Na kama mathenge tayari umeota uani, kuukata juu ya ardhi ni kuuongezea matawi, kwa maana huchipua upya. Ni lazima kuchimba hadi chini ya mahali vichipukizi vinapotokea, na kung'oa kisiki chote. Maganda yakusanywe kabla mbuzi hawajayafikia.