Haki ya Jamaa za Mtu Aliyeuawa Barabarani

Watu wengi hudhani kwamba mtu akiuawa na motokaa, haki yake huzikwa pamoja naye. Sivyo. Sheria ya Kenya ya Ajali za Vifo, Sura ya 32, iliyofuata mfano wa sheria ya Uingereza ya mwaka 1846, yawapa mke, mume, wazazi na watoto wa marehemu haki ya kudai fidia.

Lakini kifo peke yake hakitoshi. Yapasa ithibitishwe kwamba dereva alifanya uzembe, yaani hakuwa na uangalifu uliompasa. Ikiwa marehemu naye alikosa, fidia hupunguzwa kwa kadiri ya kosa lake.

Mahakama hutazama mapato ya marehemu, sehemu aliyowapa jamaa zake, na miaka ambayo angaliendelea kuwatunza. Mjane asiye na karatasi za mshahara asikate tamaa: mwaka 2005, katika kesi ya fundi seremala, Mahakama ya Rufani ilisema kwamba mapato yaweza kuthibitishwa kwa njia nyingine.

Madai hufunguliwa na msimamizi wa mali ya marehemu. Asipofanya hivyo katika miezi sita, jamaa waweza kuyafungua wenyewe. Ila miaka mitatu isipite tangu siku ya kifo.

Basi tangu siku za matanga, andikeni namba ya motokaa na majina ya mashahidi, mkachukue na hati ya polisi. Wala mtu asitie kidole katika karatasi ya mapatano kabla hajasomewa akaielewa.