Kenya Open Imechezwa Tangu 1967 na Hakuna Mkenya Amewahi Kuibeba. Shida Iko Wapi?

Kama umewahi kukaa hoteli pale Karatina Sunday jioni ukingoja mechi ianze, unajua ile dakika rimoti inaangukia channel ya gofu. Mzungu amevaa kofia, amechuchumaa, anaangalia nyasi kama mtu amepoteza shilingi mbili. Hakuna mtu anapiga kelele. Mtangazaji anaongea kama ako matanga. Halafu buda mmoja kwa kona anasema, "Toa hiyo kitu bana," na hivyo ndivyo gofu inakufanga kwa TV za mtaa.

Sasa leo usitoe. Kuna chapaa hapa, kuna drama, na kuna aibu moja ya kitaifa ambayo watu wa riadha wangeshatangaza janga kama ingekuwa yao. Kenya Open ilianza 1967. Wamekuja Waingereza, Wahispania, Wasauzi, Mwajentina, Mchina, wote wakabeba. Mkenya? Sufuri. Tangu nyanyako akiwa msichana.

Tuanze na hesabu, juu bila hesabu hii story haishiki. Mimi chuo kilinishinda na hesabu ilichangia, lakini hii hata mimi naelewa.

Gofu ni soko la Karatina. Wewe unataka bei ya chini. Kila shimo liko na bei yake ya kawaida, inaitwa par: kama par ni nne, mchezaji wa maana anatarajiwa kuingiza mpira kwa mapigo manne. Ukiingiza kwa matatu umebargain vizuri, hiyo ni badi. Ukitumia matano umechapwa bei ya mgeni, hiyo ni bogi. Mashimo ni 18, siku ni nne, Alhamisi hadi Jumapili, jumla mashimo 72. Ndio maana unaonanga jina la mtu na alama ya kutoa mbele: huyo wa -15 ametumia mapigo kumi na tano chini ya bei ya kawaida. Mwenye kutoa kubwa ndiye mbabe. Umeelewa gofu yote hapo, hizo zingine ni nguo tu.

Halafu kuna kukatwa. Hapa ndipo roho za watu zinavunjikia. Baada ya siku mbili, Ijumaa jioni, wanachora mstari. Kwa DP World Tour, ile ligi ya Ulaya ambayo Kenya Open imekuwa ndani yake tangu 2019, wanabaki 65 wa kwanza na wale wamefungana na namba 65. Wengine wote wanapanga begi. Na si ati wanapewa kitu kidogo cha fare. Ukikatwa, haulipwi hata ndururu. Umelipa hoteli, umelipa kedi wako, yule anakubebea begi na kukwambia upepo unatoka wapi, umecheza mashimo 36, na unarudi keja na njaa yako.

Wanaobaki ndio wanagawana. Mwaka wa 2025 pale Muthaiga pesa ya tonamenti ilikuwa dola milioni 2.5. Jacques Kruyswijk wa Afrika Kusini akashinda na akaondoka na dola 425,000. Piga kwa bei ya dola ya wakati huo, ni kama milioni 55 za Kenya. Kwa wiki moja. Na desturi ya hizi ligi kubwa ni kwamba mchezaji akishinda, kedi wake anapata kama asilimia kumi ya hiyo pesa. Fanya hesabu mwenyewe ya kubeba begi siku nne, halafu uniambie kama bado unataka channel ibadilishwe.

Turudi kwa aibu yetu. Mwaka tulikaribia sana ni 1998. Jacob Okello, Mkenya, alimaliza siku nne akiwa amefungana kileleni na Ricardo González wa Argentina. Wakaenda mashimo ya ziada kuamua, na González akashinda. Hiyo ndiyo mara tuligusa kombe na ncha ya kidole. Watoto waliozaliwa mwaka huo saa hii wako na watoto.

Na wale wageni wanaokuja kubeba si wa kudharau. Seve Ballesteros alishinda Kenya Open 1978. Mwaka uliofuata akashinda The Open kule Uingereza, na 1980 akashinda Masters, ile ya koti ya kijani. Ian Woosnam alishinda hapa 1986, akavaa koti hiyo 1991. Trevor Immelman alishinda hapa 2000, koti akaipata 2008. Watatu. Yaani Nairobi imekuwa mahali wasee wanapitia wakienda kuwa mastaa, kama vile Karatina inakuwanga stage ya mtu anaenda Nanyuki.

Story yangu favourite kwa hiyo listi ni ya Aaron Rai. Huyu alishinda Muthaiga 2017 akiwa kijana mdogo, wakati Kenya Open ilikuwa bado ligi ya daraja la pili. Ni Muingereza wa Wolverhampton lakini mamake alihamia huko kutoka Kenya. Sasa cheki hii. Rai anachezanga na glavu mbili, wakati karibu kila mtu duniani anavaa moja. Na fimbo zake za chuma anazifunika, kila moja na kifuniko chake, kitu ambacho mapro wengine wanakiona ushamba. Sababu? Akiwa mtoto, babake alijinyima akamnunulia seti ya fimbo za bei. Baada ya mazoezi mzae alikuwa anakaa chini anasafisha mistari ya kila fimbo na pini na mafuta ya mtoto. Akaziwekea vifuniko zisikwaruzike. Rai alikua akawa tajiri, na vifuniko hajawahi kutoa.

Wewe unajua hiyo tabia. Hiyo ni mathe na vitambaa vya viti. Hiyo ni rimoti ndani ya plastiki. Na Agosti 2024 huyo msee wa vifuniko akashinda Wyndham Championship kule Marekani, ligi kubwa ya PGA. Kwa hivyo mtu akicheka vitambaa vya mathe wako, mtajie Aaron Rai.

Sasa, kinachofanya hii kitu iume zaidi ni kwamba karibu kila kitu pale uwanjani ni chetu.

Kwanza hewa. Nairobi iko juu ya mita 1,600 kutoka baharini, na huku kwetu Nyeri na Karatina pia tuko huko juu juu. Hewa nyepesi inafanya mpira usafiri mbali zaidi, karibu asilimia kumi ukilinganisha na usawa wa bahari. Mgeni akitua kutoka Ulaya lazima abadilishe hesabu za fimbo zote kwa begi: ile ya kumpeleka mita 150 sasa inampitisha kijani chote hadi kichakani. Msee wa hapa amezaliwa ndani ya hiyo hewa.

Halafu nyasi, na hapa nataka ukae vizuri. Kuna nyasi inaitwa kikuyu. Ndiyo, hilo ndilo jina lake rasmi duniani, juu ilitoka hizi nyanda za juu za Afrika Mashariki. Ni ile ile ng'ombe wa guka wako anakula bila kujua ako kwa mambo ya kimataifa. Ilipelekwa nje, na leo iko Riviera, uwanja maarufu wa Los Angeles ambapo PGA inacheza. Ni nene, inanata, inashika fimbo kama mtu anakudai. Tiger Woods amecheza Riviera miaka na mikaka na hajawahi kushinda hapo. Siwezi apa ni nyasi peke yake imemzuia, lakini niache nifurahi. Na Muthaiga iko nayo.

Kwa hivyo hewa yetu, nyasi yetu, mashabiki wetu. Na Friday wasee wetu wengi wanarudi home. Mwaka wa 2023 ni Njoroge Kibugu peke yake kati ya Wakenya wote aliyevuka mstari. Mmoja!

Watu wanapenda kusema ni "mental". Mimi naona ni wiki. Mchezaji wa DP World Tour anazunguka dunia karibu mwaka mzima. Wiki hii Dubai, wiki ijayo Sauzi, halafu India. Kila wiki anapambana na watu wa kiwango hicho, ako na kocha, ako na mtu wa kumkanda mgongo, ako na mashine inampimia kila pigo. Akikosa putt ya kamba mbili Nairobi, wiki ijayo anaijaribu tena mahali pengine. Mkenya anakutana na hawa watu mara moja kwa mwaka. Hiyo ni kama timu yetu ya mtaa ingojee Arsenal kila Machi na watu washangae imefungwa.

Sasa ona vile umaskini wa gofu unajizungusha. Ukikatwa haulipwi. Usipolipwa huwezi kusafiri kucheza tonamenti zingine. Usipocheza haupandi kiwango. Usipopanda unakatwa tena. Kumekuwa na Safari Tour ya hapa nyumbani, na tangu 2024 Sunshine Tour ya Afrika Kusini imeleta series ya kukuza wachezaji Afrika Mashariki, na hiyo kwa maoni yangu ni dawa kushinda hotuba zote za wageni wa heshima. Lakini ni changa.

Na kuna swali la nani anaingia kwa geti kwanza. Karatina hatuna uwanja wa gofu. Ukitaka kuona moja, panda mat uende Nyeri, klabu iko na mashimo tisa, unayazunguka mara mbili upate 18. Nanyuki pia wako nayo pale Sports Club, na Mount Kenya Safari Club iko na uwanja ambao ikweta inapita ndani, unaweza pigia mpira kaskazini uangukie kusini. Fiti kabisa kwa Instagram. Lakini hizi ni klabu za wanachama. Kijana wa kawaida hapiti geti kama mchezaji, anapita kama kedi.

Na ukedi ndio umekuwa chuo cha gofu cha Kenya, niamini. Dismas Indiza, moja ya majina makubwa kabisa ya mapro wetu, alianzia kubeba begi kule Mumias. Kedi anajifunza kwa macho: anasoma mteremko, anajua fimbo gani kwa umbali gani, anaona makosa ya mabwenyenye saa nne kila siku na anayapangia dawa kichwani. Klabu nyingi huwapa makedi siku moja ya wiki kucheza, mara nyingi Jumatatu, wanachama wakiwa ofisini. Fimbo ni za kuazima. Mpira ni ule uliokotwa kichakani.

Lakini kedi wa klabu hana mshahara. Analipwa raundi kwa raundi. Mvua ikinyesha siku nzima, amelala njaa. Mwaka wa 2020 viwanja vilipofungwa juu ya korona, pesa yake ilikata siku hiyo hiyo. Huyo ndiye tunataka aamke siku moja ampige msee amekuja na kocha na daktari wa mgongo.

Kwa wasichana mlango ni mwembamba hata zaidi, japo stage kubwa imewahi kuwepo: Magical Kenya Ladies Open kule Vipingo, Kilifi. Mwaka wa 2024 ilichukuliwa na Shannon Tan wa Singapore, akiwa na miaka 19. Kumi na tisa! Mimi nikiwa 19 nilikuwa naficha matokeo ya semester.

Na usidhani mastaa ndio hawateseki. Rory McIlroy, Aprili 2025, alikuwa na putt fupi tu ya kushinda Masters, koti aliyoifukuza tangu ujana wake. Akaikosa. Dunia nzima ikaona. Wakarudi shimo la ziada na Justin Rose, Rory akaipata, akapiga magoti akalia kwa nyasi kama mtoto. Akawa mtu wa sita tu kwa historia kumaliza seti ya zile tonamenti nne kubwa. Pesa ilikuwa dola milioni 4.2, lakini mtu halii hivyo juu ya pesa.

Kama unataka kuona hii kitu live, si mbali vile unafikiria. Kila ukienda Nairobi, mat yako inapita Muthaiga ukiwa unatafuta simu ndani ya koti. Shuka hapo ushike Kiambu Road, uwanja uko karibu. Lakini cheki kwanza, juu mwaka mwingine wanapeleka Karen. Enda Friday, si Sunday. Sunday ni ya picha na watu wa VIP. Friday jioni simama karibu na ubao wa matokeo, tafuta namba 65, halafu uanze kushuka ukihesabu bendera zetu.