Fahamu: ‘The Hollow Crown’ na anguko la Mfalme Richard wa Pili

Ni nini?
Ni mfululizo wa filamu za televisheni wa BBC uliotokana na tamthilia za kihistoria za William Shakespeare. Filamu ya kwanza, *Richard II*, ilirushwa Juni 2012, wiki chache kabla ya Olimpiki ya London. Mwongozaji wa filamu hiyo ni Rupert Goold.

Inahusu nini?
Mfalme Richard wa Uingereza anamfukuza nchini binamu yake, Henry Bolingbroke. Baba yake Henry anapofariki, mfalme anatwaa mali zote za marehemu. Henry anarejea kudai haki yake na kuishia kukalia kiti cha enzi. Richard wa kweli alivuliwa taji mwaka 1399.

Kwa nini tamthilia yenyewe iliwahi kuzua hofu?
Inagusa swali zito: je, mfalme anayeaminika kuwekwa na Mungu anaweza kuondolewa na watu? Malkia Elizabeth wa Kwanza alipokuwa hai, vitabu vya tamthilia hii vilichapwa bila onyesho la mfalme kuvuliwa taji. Onyesho hilo lilichapwa mwaka 1608. Februari 1601, wafuasi wa kabaila Earl wa Essex waliwalipa waigizaji waicheze, na kesho yake Essex akaanzisha uasi dhidi ya Malkia uliomgharimu maisha.

Televisheni imeongeza nini?
Mandhari halisi, likiwemo Kanisa Kuu la St Davids, Wales, na picha za karibu. Richard anaonekana akiwa na tumbili wake wa kufugwa, ishara ya anasa ya ikulu. Ben Whishaw, aliyeigiza mfalme, alishinda tuzo ya BAFTA mwaka 2013.